Fatiha Moja kwa Kila Picha

Mke wangu ndiye aliyenichokoza. Nilikuwa nimekaa barazani kwangu, karibu na soko la Gisenyi, kamera ya sinema ya padri nimeifungua juu ya kitambaa cheupe na skrubu zake nimezipanga kwenye kisahani. Yeye alikuwa mlangoni anachambua maharage.

"We uko yaya," akasema. "Unaogesha mutoto wa wenyewe, unamupaka mafuta, akipona mwenyewe anakuja anamubeba. Siku gani utabeba wako?"

Nikamwambia watoto tunao wawili na wananitosha.

"Unajua kile nasema," akajibu, akarudi kwenye maharage yake.

Nilikijua, na ndiyo maana nilinuna mpaka wakati wa chakula.

Mimi ni mtu wa Ujiji. Kazi nilijifunza Kigoma kwa Mhindi mmoja fundi wa saa, na kwa kuwa anayeweza saa hashindwi na kamera, watu walimletea kamera pia, na yeye akazisukumia upande wangu. Alipofunga duka nikapanda meli hadi Usumbura, kisha malori, kisha boti ya Ziwa Kivu, nikashuka Gisenyi mwanzoni mwa miaka ya hamsini nikiwa na sanduku la bisibisi na karatasi ya ruhusa yenye mihuri mingi kuliko maneno. Nilinuia kukaa miezi mitatu. Nikaoa.

Sina la kulalamika. Waislamu wa mjini, watu wa biashara na cherehani, walinipokea kama ndugu aliyechelewa njiani, na Wazungu waliokuja kupumzika ufukweni hawakuniacha na njaa. Waliangusha kamera zao mchangani, waliziangusha majini, na mmoja aliikalia yake. Naweza kusema bila haya kwamba ziwa lile lilinilisha mimi vizuri kuliko lilivyowalisha baadhi ya wavuvi. Samaki ana siku zake za kukosekana, lakini mtu wa likizo mwenye mikono yenye mafuta hakosekani.

Mwiba wangu ulikuwa mmoja. Kwa miaka yote hiyo, sikuwahi kupiga picha. Filamu ilikuwa ghali na kamera zilikuwa za watu. Nikimaliza kutengeneza nilizijaribu zikiwa tupu, nikasikiliza mlio wake, nikazifunga kwenye mifuko yake, zikaenda. Nilichungulia dunia kwenye vidirisha vya kamera zote zilizopita Gisenyi, na hakuna hata picha moja iliyobaki kwangu.

Kamera ya padri ndiyo iliyonitesa zaidi, kwa sababu matunda yake niliyaona. Padri alikuwa mtu mrefu mwenye ndevu zinazonuka petroli ya pikipiki. Alipiga sinema, akazipeleka Ulaya zikasafishwe, na zikirudi alizionyesha jioni kwenye uwanja wa mpira, juu ya shuka jeupe, yeye mwenyewe akieleza kwa kipaza sauti. Mji mzima ulikwenda. Mimi nilikwenda na hasira zangu. Padri alikuwa na moyo mkubwa, lakini picha zake zilikata watu vichwa, na volkano aliipiga kama mtu aliyetumwa na volkano. Mwanamke amebeba mzigo, uso unameremeta jasho, wewe unataka kumtazama, na padri ameshampita anautafuta mlima. Nikirudi nyumbani nilimsimulia mke wangu namna ambavyo ningepiga mimi. Sasa mnaelewa alichokisema na ungo wa maharage.

Padri alipanga sinema moja ambayo niliipenda kabla haijapigwa. Wakulima wa Bugeshi, kule juu kwenye baridi, waliamini kwamba watu wa mitumbwi huku ziwani wanawaibia viazi njiani. Watu wa mitumbwi nao waliapa kwamba wakulima wanatia mawe ndani ya magunia. Padri akaona dawa ni kukifuata kiazi tangu shambani mpaka majini, kila upande uone jasho la mwenzake. Filamu zikafika kutoka Ulaya, viazi vikakomaa, na wiki hiyohiyo padri akaanguka na pikipiki kwenye mteremko wa Kanama, akavunjika mguu.

Nilikwenda kumpa pole. Nilimkuta kitandani, mguu umefungwa hadi pajani, kamera iko kifuani pake. Juu ya meza palikuwa na barua haijafungwa.

"Soma," akaniambia. Ilikuwa ya Kifaransa, nikamwambia sijui. "Bon. Naomba wakubwa yangu wanitumie mupiga sinema kutoka Ulaya. Mutu wa kazi yake. Mi nimechoka kukata watu kichwa."

Kumbe alijua. Nikaona haya kwa yote niliyomsema.

"Lakini atafika mwaka ujao," akaendelea, "na viazi haviwezi kungoja. Fundi, we utapiga hii moja. Kama picha zako ziko muzuri, barua napasua. Kama ziko mubaya, naituma, na we unabaki fundi. Fundi muzuri sana, lakini fundi."

Nikasema ndiyo kabla hajamaliza.

Kamera ile haikuwa ya umeme. Ilitiwa ufunguo kama saa ya ukutani, na ufunguo mmoja ulitosha nusu dakika hivi, kisha springi ikaanza kulegea na picha ikaharibika. Hayo niliyajua kuliko padri. Nisichojua ni mtu akae kwenye picha moja muda gani, maana mwenye jicho kwenye kidirisha hawezi kutazama saa.

"Mi nahesabu na Baba Yetu," akasema padri. "Baba Yetu moja, polepole, unafunga. Kila picha Baba Yetu moja."

"Baba Yetu siijui, padiri."

Akafikiri. "We unajua nini?"

"Nina Fatiha."

Akaitia kamera ufunguo ikiwa tupu, akaniambia nisome. Nikasoma kimoyomoyo, kwa mwendo wa kawaida, na nilipofika mwisho nikainua kidole. Pumzi mbili baadaye springi ikalegea. Padri akacheka mpaka akashika mguu wake kwa maumivu. "Iko sawasawa," akasema. "Mungu ndiyo fundi wa saa."

Hapo nikaongeza ufundi wangu mwenyewe, ambao padri hakuwa nao. Picha zake zilitikisika kwa sababu alikandamiza kitufe kwa kidole muda wote. Nikamwonyesha kwamba kitufe kile kina kikufuli: unakibana, kamera inakwenda yenyewe juu ya miguu yake mitatu, mikono yako inapumzika. Alinisifu sana kwa hilo. Nami nikajisifu zaidi.

Nilipanda Bugeshi na katekista wa padri, mtu mzima mwenye heshima nyingi, aliyenibebea miguu ya kamera na kunifasiria pale Kinyarwanda changu kilipoishia. Hata sasa nikifumba macho naiona asubuhi ile. Ukungu ulikuwa unaondoka shambani kwa vipande, na wanawake wameinama na majembe yao, pumzi zao zinaonekana kwa baridi. Sikuugeuzia mlima kamera hata mara moja. Nilisogea karibu, nikapiga jembe linavyoinua udongo na viazi vikitoka, nikapiga mikono ya bibi mmoja anavyokipangusa kiazi kwa kidole gumba kabla ya kukitia kikapuni, kila kiazi, kana kwamba anajua nani atakila. Nikabana kikufuli, nikasoma Fatiha yangu, nikafungua. Picha moja baada ya nyingine. Nilifurahi kiasi kwamba nilisahau njaa.

Yule bibi akasema jambo, wenzake wakacheka. Nikamwuliza katekista.

"Mukecuru anasema murakoze," akasema. "Anashukuru vile unaombea viazi."

Nikamjibu kwa adabu kwamba sisi tunapiga sinema tu, wala hatuombei chochote. Nikadhani kwa kuwa kamera ni ya padri, basi bibi anaona kila kinachotoka kwa padri ni baraka. Katekista akanitazama kidogo, akaitika, akabeba miguu ya kamera tukaendelea.

Tukavifuata viazi kwenye vijia mpaka barabarani Kanama, pale lori lilipokuwa linangoja, nikawapiga wapakizi. Tukashuka Gisenyi, nikawapiga watu wa mitumbwi wakipokea magunia mgongoni, wameingia majini mpaka kiunoni ili gunia lisilowe, wanaimba na kutukanana kwa mapenzi. Picha ya mwisho ilikuwa mtumbwi umejaa, makafi yanakwenda pamoja, maji yanameta, nao unazidi kuwa mdogo ukielekea upande wa Bukavu. Nikaisomea Fatiha polepole kuliko nyingine zote. Filamu ikaisha.

Ikafungwa, ikapelekwa Ulaya. Tukangoja zaidi ya miezi miwili. Subira huvuta heri, lakini haimzuii mtu kukosa usingizi. Niliikagua kamera ile tena na tena, springi, lenzi, kile kibati kinachofungua na kuziba mwanga, kuhakikisha kwamba kasoro ikitokea haikutoka kwangu. Mke wangu akaacha kunichokoza, na hilo likanitia hofu zaidi.

Siku sanduku liliporudi, padri alikuwa anatembea kwa mikongojo. Alifunga madirisha ya chumba chake mchana kweupe, akawasha mashine, tukakaa watatu, yeye, katekista na mimi.

Ukungu wa Bugeshi ukatokea ukutani, na jembe, na udongo. Ilikuwa nzuri. Ilikuwa kama nilivyoiona. Kisha, chini ya picha, vikachomoza vidole kumi. Vikapanda polepole, viganja vimekunjuka, vikaiziba picha yote, kukawa giza.

Ikaja picha ya pili, mikono ya bibi na kiazi chake. Vidole kumi vikapanda, giza. Picha ya tatu, vidole. Ya nne, vidole.

"Hii ni nini?" akauliza padri.

Nilikuwa nimeshafahamu. Tangu utoto wangu kwenye chuo cha Kurani, Ujiji, nikishasoma Fatiha na kusema Amin, viganja vyangu vinapanda na kunipangusa uso. Sikuwahi kuviamuru, vinapanda vyenyewe. Jicho lilikuwa kwenye kidirisha cha ubavuni, lenzi iko mbele ya shavu langu, viganja vikapita mbele yake, na kwenye Amin hata hilo nalifumba. Kitufe nilikuwa nimekibana kwa kikufuli, ufundi wangu mwenyewe, mikono ikawa huru. Nilikagua kila kitu katika kamera ile isipokuwa mtu aliyesimama nyuma yake. Waliosema mganga hajigangi walinijua.

Nikamgeukia katekista. "Ulikuwa ukiniona?"

"Niliona," akasema kwa upole.

"Mbona hukuniambia?"

"Nilifikiri ni dini yako. Mutu haulizwi dini yake njiani."

Padri hakucheka. Hilo ndilo lililonivunja, kwa maana alikuwa mtu wa kucheka. Aliziendesha picha zote hadi mwisho, thelathini na kitu, na kila moja niliizika kwa mikono yangu mwenyewe, hata mtumbwi. Alipofungua madirisha sikuweza kumtazama.

"Wacha filamu hapa," akasema. "Siku ya mungu jioni kuja uwanjani, na bibi yako."

"Na barua, padiri?"

"Kuja uwanjani."

Nilikwenda nyumbani nikamwambia mke wangu kwamba yamekwisha. Nikamweleza yote, na nilipofika kwenye vidole kumi akageuza uso ukutani, mabega yakamtikisika. Nilidhani analia kwa ajili yangu. Alikuwa anacheka. Nikamkasirikia, kisha nikaona afadhali acheke mtu mmoja nyumbani. Siku iliyofuata nilizipanga bisibisi zangu upya, nikatengeneza kamera mbili za watu vizuri kabisa, nikajiambia kwamba fundi si tusi.

Jumapili sikutaka kwenda. Mke wangu akanitolea kanzu safi, akaiweka kitandani, akasimama pale mpaka nikaivaa. Tulifika baada ya Magharibi. Wazee wa msikitini walikuwa wameshakaa mbele na kofia zao, watu wa mitumbwi pembeni yao, na katekista alikuwa amewateremsha watu wa Bugeshi karibu lori zima. Wale wakulima na wale wapiga makafi walitazamana kwa macho ya kesi. Nikatafuta mahali nyuma kabisa, pa kukimbilia.

Padri akawasha. Ukungu ukaondoka, jembe likainua udongo. Nikangoja vidole. Badala yake ikaja picha nyingine, mikono ya bibi, na uwanja wote ukamtazama akikipangusa kiazi. Nikangoja tena vidole. Vijia vikaja, lori likaja, magunia, migongo, maji mpaka kiunoni. Vidole havikuonekana popote.

Mtanicheka, lakini niseme ukweli. Katika maisha yangu yote ya kamera sikuwahi kujua kwamba filamu hukatwa. Kwangu ilikuwa kama utepe wa saa, kitu kizima, kikiharibika mahali kimeharibika chote. Sikujua kwamba padri ana mkasi na gundi, na kwamba baada ya sisi kutoka alikaa siku kadhaa na mguu wake mbovu akiikata mikono yangu, picha moja baada ya nyingine, akiunganisha yaliyobaki. Na yaliyobaki yalikuwa mazuri. Mkulima mmoja mbele yangu aliwaona watu wa mitumbwi wamezama kiunoni kuokoa gunia lake, akasema "yoo" kwa sauti ndogo ya huruma.

Ukaja mtumbwi wa mwisho. Makafi yakaenda pamoja, maji yakameta, mtumbwi ukazidi kuwa mdogo ukielekea upande wa Bukavu. Na hapo, kutoka chini ya shuka, vidole kumi vikachomoza.

Nikashika kichwa. Vilipanda vikubwa kuliko watu, viganja vimekunjuka mbele ya ziwa lote. Mzee mmoja wa msikitini mstari wa mbele, bila kufikiri, akainua viganja vyake. Wenzake wakainua. Picha ilipozibwa na kuwa giza, wazee wakasema "Amin" na kupangusa nyuso zao, na nyuma yao watu wa Bugeshi na wapiga makafi, Wakristo karibu wote, wakaitika "Amina" kama walivyozoea kanisani. Uwanja mzima uliviombea viazi na mtumbwi. Nililia, na sikujificha.

Mke wangu akaushika mkono wangu, akapitisha kidole kwenye kovu la kuungua kwenye gumba langu. "Ile mikono ni yako," akasema. "Hata mutu akiikuza hivi, mi naijua."

Watu walipokuwa wanaondoka, padri akaja na mikongojo yake.

"Hiyo ya mwisho ulisahau kuikata," nikamwambia.

"Nilisahau," akasema, na ndevu zake zikawa zinacheka.

Sikuthubutu kutaja barua. Akashusha begani begi la kamera, akaniwekea mikononi. Nikalipokea kama nilivyolipokea miaka yote, nikalisogeza sikioni, nikalitikisa kidogo nisikie nini kimelegea ndani.

"Imeharibika wapi, padiri?" nikauliza.

"Haiko kitu imeharibika," akasema. "Kesho kutwa kuna wafinyanzi ku Kanzenze. Filamu iko ndani."

Tangu hapo nimepiga sinema kwa miaka mingi, na mikono naifunga nyuma kama askari nikifika Amin. Lakini jioni ile nilisimama uwanjani nimelikumbatia lile begi, mke wangu ubavuni, sijui pa kuliweka. Ilikuwa kamera ya kwanza maishani mwangu kupewa ikiwa nzima.